Maji ya Goti

"Nipe chombo, mama. Chochote, haraka," alisema Daktari Hazim, na sindano ilikuwa tayari imezama kwenye goti la mdogo wake.

Rauhiya alikimbilia jikoni. Bakuli zote zilikuwa zimelowekwa, na ndani ya sufuria kubwa yalikuwa yanachemka majani ya kabichi ya kukunjia wali. Akanyakua cha kwanza kilichomjia mkononi. Ilikuwa moja ya zile glasi sita ndogo za chai zenye ukingo wa dhahabu, alizoletewa siku ya harusi yake, ambazo hazitoki kabatini mpaka aje mgeni wa maana. Leo zilikuwa nje kwa sababu Hazim alikuwa anakuja, na Hazim hapo nyumbani alipokewa kama mgeni wa maana.

Daktari akavuta bomba la sindano, akalijaza, akalimwaga ndani ya glasi. Rauhiya alitarajia kuona maji ya manjano kama yale aliyotolewa jirani yao Inshirah mwaka jana. Haya yalikuwa mekundu, mazito, kama chai ya maua ya karkade iliyochemshwa kupita kiasi, na juu yalifanya povu.

"Hiyo si damu, Hazim?"

"Ni maji ya goti, mama. Yamechanganyika kidogo."

"Yamechanganyika na nini?"

"Na goti," alisema Shadi, akicheka huku ameuma meno. Alikuwa amelala kwenye kochi, suruali ya mazoezi imekunjwa hadi pajani, mto wa mama yake chini ya mguu.

Hazim hakucheka. Alilikunja goti kidogo, akaukamata muundi kwa mikono miwili, akauvuta. Mfupa ukaja mbele. Rauhiya aliuona kwa macho yake ukitoka kama droo ya kabati lililolegea, kisha ukarudi mahali pake. Hazim alimtupia mama yake jicho, halafu akalifunika goti kwa taulo.

"Misuli imevutika tu," alisema.

"Kaka, lilipiga kelele," Shadi alisema. "Jumanne, pale pale mazoezini. Niligeuka tu, hakuna aliyenigusa, nikasikia pah! Hata kipa alisikia, akauliza nani kavunja kijiti."

"Magoti yote hupiga kelele. Langu hulia kila nikipanda ngazi za hapa."

"Lako linalilia tumbo lako. Hilo tumbo si mzigo wa goti moja."

"Haya, cheka. Ijumaa utacheza. Nitakuchoma sindano moja kabla ya kuingia, hutasikia chochote."

Ijumaa ndiyo ilikuwa siku yenyewe. Klabu ya mji wao, Mansura, ilikuwa inahitaji ushindi mmoja tu irudi Ligi Kuu, baada ya miaka mingi ya kusota madaraja ya chini, na ushindi huo ulikuwa kwenye mguu wa kushoto wa Shadi, kapteni wao. Mwenyekiti, Haji Mitwalli, mwenye vinu vya mpunga, alikuwa ameshakodi mabasi ya mashabiki na ameshanunua fataki. Haji Mitwalli huyo huyo alikuwa anajenga hospitali yake binafsi kando ya mto, ghorofa saba zenye vioo, na ghorofa nzima ya mifupa ilikuwa imeahidiwa mtu mmoja. Mtu huyo ni daktari wa klabu, naye ndiye aliyekuwa anafunga bomba lake kwenye mkoba hapo kochini.

Shadi akamgeukia mama yake. "Mama, wewe unasemaje? Nicheze?"

Rauhiya aliitazama ile glasi mkononi mwake. Joto la damu lilikuwa linapita kwenye kioo na kuingia vidoleni. Jibu alikuwa nalo, na lilikuwa neno moja.

"Ndugu yako ndiye daktari, mwanangu," alisema. "Mimi najua nini?"

Mlango ukagongwa. Alikuwa Inshirah wa ghorofa ya pili, na sauti yake ilitangulia: "Mama Daktari! Mama Daktari, nimekuletea mkate wa moto!" Rauhiya alimwashiria Hazim afunge mlango wa sebule. Jicho la mtu ni baya, na goti la Kapteni siku chache kabla ya mechi si jambo la kuonyeshwa jirani, hata jirani mwenye mkate. Alimpokea mlangoni, akamshukuru, akamwambia wanawe wote wawili hawajambo, alhamdulillahi. Wakati wote huo glasi alikuwa ameificha nyuma ya mgongo wake.

Alipoiosha, aliiosha kwa sabuni. Kisha akaiosha kwa dawa ya kung'arishia nguo nyeupe. Kisha akachukua waya wa kusugulia sufuria na kuisugua ndani na nje mpaka ule ukingo wa dhahabu ukatoka wote na kumwachia vumbi la manjano kwenye vidole. Glasi ilikuwa safi kuliko ilivyokuwa dukani, lakini yeye bado aliiona nyekundu. Kuitupa akashindwa, maana seti ya harusi haitupwi. Akaisukuma chini ya sinki, nyuma ya mabomba.

Kwenye chakula Hazim alipewa paja la kuku. Kapteni alipewa bawa na shingo, kama siku zote. Hivyo ndivyo mapenzi yalivyogawanywa katika nyumba hiyo, na aliyekuwa anashika kijiko cha kugawia ni Rauhiya mwenyewe. Mtu akimwita Mama Daktari alikuwa anasimama wima zaidi. Wa kumwita Mama Kapteni hakuwapo, ingawa kilemba, ile pesa ya kuingilia, cha chumba cha kliniki, kile chenye kibao cha shaba kinachosema daktari bingwa wa mifupa na viungo, kililipwa kwa pesa ya kwanza ya usajili wa Shadi.

*

Mechi waliitazama sebuleni kwa Rauhiya, majirani wamejaa mpaka ukumbini. Shadi alikimbia kama mtu asiye na goti, na ndivyo ilivyokuwa kweli, maana kwa saa mbili zile goti lake halikuwa na habari na mwili. Alipiga chenga, akateleza, akaruka. Kila mguu wa kushoto ulipotua Rauhiya alikuwa anakunja vidole vyake mwenyewe ndani ya kandambili.

Kipindi cha pili kilipokaribia kuisha Shadi alimpita beki, akafika karibu na kibendera cha kona, akaimimina krosi, na mshambuliaji akaiweka kwa kichwa. Nyumba ikapiga kelele. Inshirah alimkumbatia Rauhiya na kumbusu mashavu yote mawili. Katikati ya vigelegele hivyo Rauhiya peke yake ndiye aliyekuwa bado anatazama kona, ambako mwanawe alikuwa amekaa chini, ameshika mguu kwa mikono miwili, anautazama kama kitu alichookota.

Kamera ilikwenda kwa waliokuwa wanashangilia. Iliporudi, machela ilikuwa inaingia kwenye korido. Hazim alikuwa anatembea pembeni yake, lakini kichwa chake kilikuwa kimegeukia jukwaa la wakubwa, na mkono wake umeinuliwa kumjibu Haji Mitwalli aliyekuwa anampungia.

Fataki zililipuka mji mzima. Watu walizunguka mitaani na magari na bendera, na wimbo wa klabu ulimtaja Shadi kwa jina. Shadi alikuwa amelala kwenye kitanda cha vipimo, ganzi inamtoka kidogo kidogo, analiuma shuka.

*

Daktari mwingine, wa Kairo, ambaye hakuwa na undugu na mtu wala ahadi ya ghorofa, aliangalia picha za goti. Kisha akamuuliza Shadi ni nani aliyemruhusu kucheza. Kano ya ndani ilikuwa imekatika kabla, alisema, na pengine ingeshonwa vizuri kama angepumzishwa. Sasa mfupa umesaga gegedu, ule mto laini wa kiungo, umeutafuna. Bado linatengenezeka, lakini lisichelewe, na si kazi ya bei ndogo.

Bei yenyewe ilikuwa ya kuuza nyumba, na nyumba yao ilikuwa ya kupanga. Lakini mkataba wa Shadi ulisema wazi: mchezaji akiumia katika kazi ya klabu, klabu inamtibu mpaka apone. Shadi alipeleka maombi yake. Klabu ikamtumia maua. Akapeleka tena. Safari hii katibu alimwambia kwenye simu kwamba kamati inasubiri maelezo ya daktari wa klabu.

"Basi tumepata," Rauhiya alisema, akashusha pumzi. "Daktari wa klabu si ndugu yako?"

Shadi alimtazama mama yake, akachukua magongo yake na kuingia chumbani.

Hazim alikuja siku ya pili, saa ambayo alijua Shadi yuko kwenye mazoezi ya kunyoosha mguu. Alikaa jikoni, jambo ambalo halikuwa kawaida yake, akafunua sufuria mwenyewe, akaanza kula majani ya kabichi kwa vidole akiwa bado na koti.

"Mama, unaukumbuka usiku ule wa mashindano ya Ramadhani?"

Angeusahau vipi? Kila Ramadhani vijana wa mtaa walicheza mashindano kwenye uwanja wa shule baada ya kufuturu, na kombe lilikuwa na jina la marehemu mumewe. Shadi alikuwa amekataa kucheza, kwa kuwa mkataba unamkataza mpira wa mtaani. Ni yeye Rauhiya aliyemlilia. Alimwambia, mashindano ya baba yako, na wewe mguu wako wa thamani hauwezi kukanyaga hapo hata nusu saa? Shadi akaazima viatu, akacheza, akafunga, na mtaa mzima ukamwombea marehemu rehema.

"Alirudi anachechemea usiku ule," Hazim alisema.

"Alirudi na lengelenge kisigino! Viatu vya kuazima vilimbana. Wewe ndiye uliyelitumbua, ukamcheka, ukasema Kapteni ana ngozi ya bibi harusi."

"Lakini alichechemea."

"Hazim, unataka kusema nini?"

Alimeza kwanza, akajifuta vidole kwenye kitambaa cha vyombo. "Nimewaambia kamati kwamba goti aliumia kule, mtaani, akaficha. Sikiliza kwanza, mama, usinitolee macho. Nikisema aliumia mazoezini, wataniuliza kwa nini nilimruhusu acheze. Nitasimamishwa, pengine nifutwe kabisa. Na Haji atapata hasara. Haji akipata hasara kwa sababu yangu, hospitali naisikia kwenye redio tu. Shadi ana umri gani? Hata akipona, amebakiza miaka mingapi ya kukimbia? Mimi nina maisha mazima ya kazi mbele yangu. Nikikaa pale, nitamtibu mwenyewe, bure, baadaye."

"Baadaye lini? Daktari wa Kairo amesema asichelewe."

"Madaktari wa Kairo wanapenda kutisha watu."

"Na mimi unanitaka nini?"

"Shadi anasema atalipeleka jambo hili mbele, kwa wakubwa wa mpira. Haji hapendi kelele. Anataka tukae hapa nyumbani, kifamilia, kwa heshima. Atakuuliza swali moja tu: usiku ule alirudi anachechemea au hakurudi anachechemea? Wewe useme ndiyo. Si uongo, mama. Ni kweli tupu. Sababu ya kuchechemea hakuna atakayekuuliza."

Rauhiya alielewa. Hakuna mtoto katika mtaa ule anayemkanusha mama yake mbele ya wanaume wageni. Akisema ndiyo, Shadi atafunga mdomo, na atakuwa amefungwa kwa mkono wake yeye. Alimtazama mwanawe daktari, mwenye vidole laini vilivyokatwa kucha vizuri, akiinua kipande kingine cha kabichi kinachodondosha mafuta. Akaona kinyaa. Mama hapaswi kumwonea kinyaa mtoto aliyemtawaza mwenyewe alipokuwa mchanga, lakini alimwonea, na neno lingine la jambo hilo hakuwa nalo.

"Mwambie Haji aje Alhamisi," alisema.

Hazim alimbusu utosini. "Nilijua utanielewa. Wewe ndiye Mama Daktari."

*

Haji Mitwalli alikuja na boksi kubwa la keki za basbusa na mwanasheria wa klabu. Alikaa kwenye kiti kikubwa cha sebule, kilichovuliwa shuka lake la kukinga vumbi kwa heshima yake, akaachia tasbihi ianguke pajani. Mwanasheria alikaa pembeni na kalamu. Hazim alikaa mkono wa kulia wa Haji, amevaa tai. Shadi alikuwa mkabala wao, magongo yameegemezwa ukutani, mguu umenyooshwa mbele kwa kuwa haukunjiki.

"Nyumba hii ina baraka," Haji alisema. "Nyumba moja imetoa daktari na kapteni!"

"Aliyewatoa ni mimi, Haji," Rauhiya alisema. "Nyumba ni ya kupanga."

Haji alicheka, na mwanasheria alipoona Haji amecheka, naye akacheka. Rauhiya akaenda kuleta chai.

Alileta sinia mwenyewe, akagawa mwenyewe. Glasi ya ukingo wa dhahabu kwa Haji, nyingine kwa mwanasheria, nyingine kwa Shadi. Ya Hazim ilikuwa tupu ukingoni, kioo kitupu chenye mikwaruzo. Alikuwa ameitia sukari vijiko vitatu, anavyopenda, na jani la nanaa.

Hazim alinyoosha mkono kuipokea, akaiona, mkono ukasita. Aliangalia sinia, akaangalia glasi za wenzake. Aliipokea, akaiweka chini taratibu kwenye meza ndogo.

"Kunywa, Daktari, itapoa," Rauhiya alisema. Alikuwa bado amesimama na sinia mikononi.

"Nimetoka kunywa kliniki, mama."

"Ah, mtu hakatai chai ya mama yake," Haji alisema kwa ukarimu wa mtu anayesubiri biashara iishe.

"Hakatai chai, Haji. Anakataa glasi, maana anaijua. Muulize alimwaga nini humo, na lini. Akikwambia, nitainywa mimi hiyo chai kwa niaba yake. Kama hana la kusema, basi glasi haina neno, na ainywe."

Shadi aliitazama glasi, na uso wake ukabadilika. "Mama, basi," alisema kwa sauti ya chini. "Yaache."

Rauhiya hakuyaacha. Alimtazama Hazim machoni na alikuwa anamwomba, ingawa waliokuwapo walidhani anamtisha. Iache hapo mezani, alikuwa anasema moyoni. Sema damu, mwanangu. Sema Jumanne. Utapoteza ghorofa yako ya vioo na nitakupikia mpaka nife.

Hazim alilegeza tai. Alimtazama Haji, aliyekuwa amekunja nyusi, akamtazama mwanasheria. Kisha akatabasamu, lile tabasamu la kliniki la kumwambia mgonjwa kwamba haitauma.

"Mama naye na utani wake," alisema. "Glasi ni glasi tu, Haji."

Akainywa. Hakuonja akaacha, aliinywa yote, mpaka majani ya chai yakabaki chini. Koo lake lilipanda na kushuka na mama yake analitazama. Akaweka glasi mezani, akajifuta masharubu kwa kidole.

"Mungu aitunze mikono yako, mama."

Rauhiya alikuwa ameandaa aibu ya mtu mwenye haya, na mwanawe alikuwa ameinywa na sukari yake. Aliweka sinia chini ili isimponyoke.

"Vizuri," Haji alisema, amefurahi kwamba jambo asilolielewa limekwisha. "Sasa, Mama Daktari, swali dogo. Usiku ule wa mashindano ya Ramadhani, Kapteni hapa alirudi anachechemea?"

"Alirudi na lengelenge kisigino, Haji, la viatu vya kuazima, na mimi ndiye niliyemlazimisha kucheza. Goti aliumia Jumanne, mazoezini, kwenye uwanja wako. Daktari wako alikuja hapa akalitoa damu na kuimwaga ndani ya glasi hiyo. Kisha akauvuta mguu, ukatoka kama droo, akaufunika kwa taulo. Niliona. Ijumaa yake mkamchoma sindano, mkamwingiza uwanjani."

Mwanasheria alikuwa hajaandika hata neno. Aliifunika kalamu yake.

"Damu?" Haji alimgeukia Hazim. "Kulikuwa na damu?"

"Yalikuwa maji ya goti, Haji," Hazim alisema haraka. "Magoti ya wachezaji hujaa maji, hilo ni jambo la kawaida kabisa. Niliyatoa, nikayamwaga humo, basi. Mama si mtaalamu, ameona wekundu akaogopa."

"Kwa hiyo ulijua," Shadi alisema.

Hazim alimgeukia Haji.

"Glasi ni glasi tu, ulisema sasa hivi," Shadi aliendelea, bila hata kupaza sauti. "Na ulikuwa unaijua. Kaka, umeninywa."

Haji Mitwalli, mtu aliyekula na kila aina ya watu katika biashara ya mpunga, aliiangalia glasi yake ya dhahabu, iliyobaki nusu, akaisukuma mbali kwa kidole kimoja. Midomo yake ilikuwa imepinda. Kwa kitambo kidogo Rauhiya alipata tumaini.

Halafu Haji akaikusanya tasbihi yake. "Haya ni mambo ya familia," alisema, akisimama. "Mimi siingii kati ya mama na mwanawe. Daktari ameshaiambia kamati neno la kitaalamu, na kamati inafuata utaalamu. Kapteni, Mungu akuponye."

"Na kipa?" Shadi alisema. "Kipa alisikia. Muulizeni kipa."

"Tulimuuliza," mwanasheria alisema kwa upole. "Hakusikia kitu." Kipa alikuwa ameongezewa mkataba wiki ile ile.

Hawakukawia. Rauhiya aliwafuata na boksi la basbusa, akalibana kwapani mwa mwanasheria. Hazim alikuwa wa mwisho kutoka. Alisimama kizingitini, akanong'ona: "Umeniaibisha, mama. Mbele ya watu."

"Nilijaribu," Rauhiya alisema. "Haikuwezekana."

Akamtia ile glasi mfukoni mwa koti, na majani yake ya chai.

Walikuwa wamefika ghorofa ya tatu, Haji mbele, mwanasheria na boksi lake katikati, Hazim nyuma, mlango wa Inshirah ulipofunguka chini na sauti yake ikapanda ngazi zote. "Mama Daktari! Mama Daktari, Daktari ameshatoka? Mwambie apite kwangu, goti langu limeniua! Nimeshaweka bangili rehani, yuko tayari kunipasua Jumamosi!"

Miaka yote Rauhiya alikuwa ameyafunika ya nyumbani kwake. Alifunika ukata, alifunika ugonjwa wa marehemu, alifunika hata goti. Aliinama juu ya ukingo wa ngazi mpaka akaona vichwa vyote vitatu chini yake, na kichwa cha Inshirah mwisho kabisa, kimeinuliwa kumsubiri.

"Inshirah!" aliita, kwa sauti aliyoitumia kuwaita wanawe kutoka uwanjani walipokuwa wadogo. "Zikomboe bangili zako! Goti lako usimpe huyo!"

"Kumetokea nini, Mama Daktari?"

"Njoo juu ulione la Shadi, utamwona na aliyeliharibu, ndiye huyo anayeshuka. Na Mama Daktari usimwite tena hapa, simjui. Mimi ni mama yake Shadi!"

Milango ilianza kufunguka, ghorofa baada ya ghorofa, na watu wakatoa vichwa. Hazim aliongeza mwendo, ameubana mkono juu ya mfuko wa koti ili glasi isigonge ukuta. Rauhiya alisikia kiti kikisukumwa nyuma yake, na mwanawe akija mlangoni polepole kwa magongo yake, kwa mguu ambao hautakimbia tena.